Jani Lililoruka Kwenye Mlenda

Mama mkwe wangu hakunigombeza hata siku moja, na hilo ndilo lililoniumiza. Kila tulipotoka mjini Dodoma kwenda kwake Kongwa, nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akanikalisha kivulini na chai. Nikisogelea jikoni tu, "Pumzika mgeni wetu, utaungua na moshi." Miaka miwili ya ndoa! Mume wangu akasema nina bahati. Bahati gani? Nilitaka kuwa mtu wa nyumba ile, basi.

Mvua zilipoanza, mlenda pori, ile mboga ya majani inayoteleza, ukaota kila mahali. Siku moja tulimkuta mama mkwe amerudi porini na kapu limejaa, akalimwaga mkekani uani ili auchambue kabla ya kuanika. Nikakaa bila kukaribishwa. Akanitazama, akaanza kuchambua.

Nikaokota jani moja zuri, bichi, lenye mishipa na hata ncha iliyokauka kidogo. Likaruka! Lilikuwa panzi, kajivika ujani hasa. Sasa mimi ni wa Bukoba, na mikono ya Bukoba haiulizi ruhusa. Kufumba na kufumbua nilishamdaka, nimenyonyoa mbawa na miguu, nimemweka kwenye kifuniko cha sufuria tayari kwa kukaangwa, kama tufanyavyo kwetu kwa senene.

Mama mkwe akabaki mdomo wazi.

"We! Umefanya nini?"

"Nimemwandaa, mama," nikasema. Loo, aibu! Nilitamani ardhi inimeze.

Akacheka. Alicheka mpaka kilemba kikamdondoka, akapiga mapaja, akawaita majirani waje waone mkamwana anayepika majani yenye macho. Kisha akainama juu ya mkeka, akapekua, akadaka jani lingine lililokuwa linatembea taratibu, akaninyooshea. "Haya, na huyu. Usiniangushie miguu yake kwenye mboga yangu."

Tukawa tunawasaka pamoja. Mara nyingine alidaka jani la kweli kwa nguvu zote, nami nikamcheka waziwazi, akanipiga kofi la begani. Jamani, nilifurahi!

Jua lilipoanza kushuka mlenda ulikuwa umekwisha kuchambuliwa, maji yanachemka jikoni, nami bado nimekaa mkekani nikipiga soga na majirani. Sauti ya mama mkwe ikatoka ndani, kali kwelikweli:

"Wewe binti, umekaa huko unangoja nani akusongee ugali?"

Nilikimbia mpaka kandambili moja ikabaki uani.