Sehemu ya Pili Niliyoikubali Kaburini

Tarehe 9 Agosti 1976 nilimpoteza kaka yangu. Alikuwa mpakiaji wa magunia kwenye ghala la mahindi Mbeya, na kifua kilikuwa kimemsumbua tangu masika. Tuliishi chumba kimoja Ilomba, mimi na yeye. Tulimrudisha kumzika nyumbani, Kalenga, karibu na Iringa.

Ugomvi wetu mkubwa haukuwa wa shamba wala wa mwanamke. Ulikuwa wa sinema. Kabla hajaugua ilikuja Mbeya sinema ya Kijapani ya mtu wa upanga, na mji mzima ukaipenda. Stelingi, yule shujaa mwenyewe, aliwafyeka maadui darajani mmoja baada ya mwingine, hata jasho halimtoki. Tuliitazama mara tatu. Ilipokuja sehemu ya pili, watu walijaa mpaka wengine wakakaa sakafuni, lakini walitoka wamenuna. Upanga ulichomolewa mara mbili tu. Muda uliobaki stelingi alikuwa akiezeka nyumba ya mjane fulani, akikohoa, akiosha miguu. Nilipiga miluzi pamoja na wenzangu, nikatoka kabla haijaisha. Kaka alibaki.

"Hiyo ndiyo sinema," aliniambia aliponikuta nje. "Ile ya kwanza ilikuwa ya watoto."

"Kaka, mtu anaezeka paa sinema nzima!"

"Mtu amechoka. Ulitaka afanyeje?"

Nikamwambia ana macho ya kuku. Tuliendelea hivyo miezi na miezi, njiani kwenda kazini, kwenye ugali, hata kitandani. Mwezi wake wa mwisho akaniomba sehemu ya pili ikirudi tukaitazame wote. Nilisema sipotezi jioni yangu. Maneno hayo niliyasema mimi, kwa mdomo wangu.

Siku ya maziko, jeneza likiwa bado juu, mtani wetu alirukia kaburini. Alikuwa Mngoni, fundi baiskeli wa Mbalizi, rafiki wa kaka. Kwetu Wahehe mtani ana ruhusa yake msibani. Anaweza kumwigiza marehemu, na hapana wa kumkasirikia. Alishika fimbo kama upanga, akakohoa kikohozi cha kaka kabisa, akasema kwa sauti ya kaka:

"Silali humu! Yuko wapi mdogo wangu, yule wa miluzi? Aseme sehemu ya pili ilikuwa nzuri, ndipo nilale."

Watu wakacheka huku machozi yanawatoka. Wangoni tunawatania kwamba hula panya, basi shangazi akamjibu, "Toka humo, Mngoni, hakuna panya!"

"Panya nitawatafuta baadaye, Mhehe. Kwanza aseme!"

Jua lilikuwa kali, na waliobeba jeneza walikuwa wakibadilisha mabega. Nikasema, "Ilikuwa nzuri, kaka." Mtani akatoka. Tukazika.

Sentensi hiyo ilinikaa moyoni. Kaka nilimtukana mara nyingi alipokuwa hai, lakini sikuwahi kumdanganya. Sasa nilikuwa nimemdanganya siku ambayo hawezi kunijibu, tena kuhusu sinema ambayo sikuimaliza.

Nilibaki Kalenga baada ya matanga kusaidia kutayarisha shamba. Huko nikasikia kwamba sehemu ya pili inaonyeshwa Iringa mjini. Nilikwenda kwa miguu. Ukumbi haukujaa hata nusu. Niliketi, nikajiambia sitoki mpaka taa ziwashwe.

Sitasema kwamba macho yalinifunguka. Ni sinema inayochosha. Mjane analia mno, na yule adui mkubwa anafika watu wameshamsahau. Lakini kuna pale kwenye ngazi. Stelingi amebeba mzigo wa nyasi, anasimama katikati ya ngazi, anajifanya anakagua paa, kumbe anatafuta pumzi. Kaka alikuwa akisimama hivyo ghalani tulikofanya kazi wote, gunia begani, akijifanya anasoma maandishi ya gunia la mbele yake. Nilikuwa nimemwona akifanya hivyo siku nyingi, na nilidhani kweli anasoma. Nyuma yangu watu walipiga miluzi. Mimi sikupiga.

Mwishoni adui anamngoja njiani, naye stelingi anamkabidhi upanga na kupita. Mwisho huo sikuupenda. Mpaka leo siupendi.

Niliporudi Mbeya nilikwenda Mbalizi. Mtani alikuwa kibandani kwake, baiskeli ya mtu imepinduliwa, magurudumu juu.

"Mtani," nikamwambia, "pale kaburini nilidanganya. Nimeitazama tena. Nusu yake ni nzuri, nusu ni mbovu."

"Mhehe! Marehemu ameridhika, wewe unakata rufaa?"

"Wewe ndiye uliyeniuliza. Nataka ujue."

Akaiweka spana chini. "Nusu ipi nzuri?"

"Ya kuezeka."

Hakucheka. Alijifuta mikono kwa kitambaa, kidole kimoja kimoja.

"Mimi mwenyewe sijaiona," akasema. "Kaka yako alikuwa akinisimulia hapahapa, kikohozi kikambana, hatukufika mwisho. Anakufa yule?"

"Hafi. Anautoa upanga wake, anaondoka."

"Anakwenda wapi?"

"Hawaonyeshi."

Akaokota spana. Gurudumu lilikuwa limepinda. Akaniambia nilishike pande zote mbili, nami nikalishika, yeye akikaza spoki moja baada ya nyingine, mpaka mwenye baiskeli alipokuja kuichukua.