Kura za Mama Kura

Gaudiose, mfua nguo wa mtaa wa Kibagabaga aliyekulia Bujumbura, hakuisahau siku akina mama wa kikundi chao cha mtaani walipokuja kula kwake. Alikuwa amepika isombe, mboga ya majani ya muhogo, ya kulamba vidole, akawaambia kwa moyo mweupe, "Karibuni kura." Trinah, aliyekulia Dar es Salaam, akacheka. Wengine walimtazama Trinah kwanza, kisha nao wakacheka, hata wale ambao ndimi zao haziijui "l" tangu kuzaliwa. Kuanzia hapo akawa Mama Kura.

Mwaka mzima aliitikia jina hilo huku akiapa kimoyomoyo kwamba Trinah ataionja aibu hiyohiyo, mbele ya macho yaleyale.

Ikafika siku ya kuchagua mkuu wa kikundi. Karatasi hawana: mgombea husimama, anayemtaka hujipanga nyuma yake. Trinah alisimama kifua mbele. Kando yake alisimama Ariane mpole, aliyesukumwa tu ili Trinah asigombee peke yake. Akina mama wakabaki kutazamana, maana hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza. Gaudiose aliwajua. Akatembea taratibu, kama jambo lililokwisha kupangwa, akasimama nyuma ya Ariane. Mmoja akamfuata, wa pili, kisha wote.

Trinah aligeuka, akakuta upepo.

"Mama Kura, kura zangu ziko wapi?"

"Nimezikura, dada."

Akina mama walimtazama Gaudiose kwanza. Alipocheka, wakacheka.