Kitabu cha Jaji kwenye Kabati la Vikombe

Nakumbuka siku moja jaji mstaafu, jirani yetu hapa Kapsoya, alipopita kunijulia hali. Nilikuwa mjane mchanga, na mashemeji walikuwa wameniambia nitoke kwa shamba la marehemu kule Soy kabla ya msimu wa kupanda. Nilimwandalia chai huku nalia. Sukari niliweka, chumvi ikajiweka.

Mwanangu, mzee huyo aliandika vitabu vya sheria, na kile cha kueleza katiba mpya kwa Kiingereza alikuwa amenipa zawadi. Nilikipenda mno. Nilikivalisha jalada la karatasi ya kalenda, kama tulivyofanya shuleni, nikakiweka kwenye kabati la kioo kati ya vikombe vya wageni, nikakitandikia kitambaa cha kufuma. Kukisoma je? Mimi mtu wa kukaa nyumbani, niliyemaliza kidato cha nne kwa huruma ya mtahini? Hayo niliwaachia mawakili.

Jaji akakichungulia kupitia kioo. "Mama, hiki kilikosa nini? Nimefunga watu wengi, lakini kitabu sijawahi."

Nikaona haya. Nikamwomba basi awapigie mashemeji simu, awatishe kidogo na ile sauti ya korti. Akakataa.

"Wataniogopa mimi. Na nikifa?"

Akakitoa, akafungua alipoeleza haki za mjane, akaniambia nisome kwa sauti. Nilikwama kila mstari. Kila nilipofika penye neno mjane, alinisimamisha nitaje jina langu. Chai ikapoa, nikarudia mpaka sauti ikaacha kutetemeka.

Siku ya kikao cha familia, shemeji mkubwa aliuliza nani amenituma.

"Sijatumwa, shemeji. Nimesoma."

Nikawasomea. Mmoja alicheka Kiingereza changu, na kweli kilichekesha, lakini wa kuyapinga maneno yenyewe hakupatikana. Mwaka huo mahindi ya Soy nilipanda mimi.

Basi, mwanangu, mtegemea cha nduguye hufa maskini, na anayetegemea mdomo wa mkubwa hubaki bubu mkubwa akiondoka. Katiba usiiheshimu kwa mbali kama mgeni wa serikali. Isome, hata kwa kukwama, ujue palipo na jina lako. Asiyeuliza hanalo ajifunzalo, kwa hivyo ukikwama, uliza.

Mungu akupe macho ya kusoma, ulimi usiotetemeka, na mashemeji wenye masikio.