Gunia la Mtu wa Nyumbani

Kariakoo nzima hakuna aliyemuuzia Elieshi maharage mabovu akaondoka na heshima yake. Gunia likishushwa dukani, mwenye mali hajafuta hata jasho, yeye keshalichoma bambo, kile chuma chenye mfereji kinachotoa nafaka ya katikati. Anaimwaga kiganjani, ananusa, anatafuna punje.

"Juu umeniwekea bibi harusi, chini nyanya yake!" alimwambia Mwinyimvua siku moja. "Beba mzigo wako."

"Mama Winifrida, ulimi huo mumeo anaulisha nini?"

"Maharage mazima. Beba!"

Ila gunia la kutoka kwao Machame halikuchomwa. Ndiyo ilikuwa desturi ya wafanyabiashara wa kwao mjini: kumchoma mtu wa nyumbani bambo ni kumwita mwizi mbele ya watu wote wa soko. Mzigo wake ulipokelewa kwa chai, na ukitokea mbovu mlimalizana wenyewe ndani, kimyakimya.

Basi mwaka wa hamsini na tano akatokea Mhubiri Eliasi pale Mnazi Mmoja, na gramafoni juu ya meza. Kabla hajasema neno alizungusha mpini, na santuri ikatoa wimbo wa ibada kwa Kimachame, ule ule waliouimba akina Elieshi wakipalilia kahawa. Elieshi alikuwa anapita na kapu lake. Akasimama, machozi yakamtoka hadharani. Upande wa pili wa santuri kulikuwa na mahubiri: anayemeza dawa amemwambia Mungu kwamba hawezi kuponya. Elieshi akainunua papo hapo, na gramafoni akaitafuta baadaye.

Tangu hapo, kila Alhamisi alasiri wanawake wa usharika walikaa juu ya magunia yake wakisikiliza. Habari zikamfikia mchungaji, naye akaja.

"Mama, maneno hayo umeyalinganisha na Biblia?"

"Mchungaji, yule ni mtu wa kwetu. Wimbo ule naujua tangu mgongoni kwa mama."

"Sikuulizi wimbo. Nakuuliza kilichofuata."

Elieshi alimkaribisha chai.

Masika yale bonde la Jangwani likajaa maji, na mbu wakahamia Kariakoo. Winifrida, mwanawe wa pekee, akashikwa na homa. Baba yake alikuwa Moshi kununua mzigo. Ranjanben, mama Kishor wa duka la vitambaa lililotazamana na lao, akavuka barabara na vidonge vya kwinini ndani ya karatasi.

"Mama Winifrida, mtoto macho yamekuwa njano. Mpe hii."

"Baki na dawa yako, mama Kishor. Sisi tuna Mungu."

"Hata mimi ninaye, na dawa nakunywa. Mpe!"

Elieshi akamrudishia karatasi yake. Winifrida alikuwa anasikia yote kitandani.

"Mama, niletee ile dawa. Najua chungu. Nitameza."

Elieshi hakuleta. Alizungusha mpini, akaweka santuri ili mtoto apate moyo. Winifrida alimeza mate. Mahubiri yalipokwisha sindano ikabaki inakwaruza, na Elieshi alipogeuka kumuuliza kama amesikia, mtoto alikuwa ameshakata roho. Nje mikokoteni ilikuwa inapiga kelele kama mchana wowote.

Mumewe alirudi akakuta wameshazika. Hakupiga wala hakutukana. Aliuliza jambo moja tu: "Mlimpeleka hospitali ipi?"

Baadaye ndipo akaifungua Biblia iliyokuwa kabatini, ndani ya kanga. Akasoma habari za mfalme Hezekia: mgonjwa wa kufa, akaomba, Mungu akamsikia. Na baada ya kusikiwa, nabii yule yule aliyemletea jibu la Mungu akaagiza tini zibandikwe kwenye jipu lake kama dawa. Ombi na dawa katika kitanda kimoja. Mahali hapo pa Biblia alifundishwa na wazee wa kanisa utotoni. Palikuwa kabatini, hatua mbili kutoka kilipokuwa kitanda cha mtoto.

Alhamisi iliyofuata akaja Blandina wa usharika wake, mtoto mgongoni.

"Dada, tuwekee ile santuri. Huyu ana homa tangu juzi. Dawa nimemwaga, kama ulivyotufundisha."

Kama ulivyotufundisha! Elieshi alimpokonya mtoto, akamfunga mgongoni kwa kanga ya Winifrida, akashika njia ya hospitali, Blandina akikimbia nyuma na kulia, "Dada, na imani?"

"Njoo nayo! Nani kakukataza kuja nayo?"

Mtoto alipona. Blandina alileta mayai ya shukrani. Elieshi aliyapokea, akaingia ndani, akafunga mlango.

Mwezi ule ule Elisaria wa Machame akashusha magunia dukani. Chai haikuwekwa. Elieshi alichukua bambo, akachoma gunia la kwanza mpaka chini.

"Dada! Unanichoma mimi?"

"Nakuchoma. Hata ungekuwa baba yangu mzazi. Yule wa santuri sikumchoma."

Wapita njia walisimama kutazama. Maharage yakamwagika kiganjani, akanusa, akatafuna. Yalikuwa mazima, hadi ya chini kabisa. Elisaria alikuwa anasubiri aombwe radhi. Elieshi alikaa chini pale pale, kiganja kimejaa, akalia kwa sauti, na mama Kishor akavuka barabara.