Mikono ya Aluoch Mbele ya Kamera

Calvince Okoth alikulia kwenye nyumba za wafanyakazi wa chai nje ya Kericho, na hadi leo, mwanamume mzima mwenye ndevu, bado analala humo kwa sababu ya kazi ya mama yake. Mama akiacha kazi, nyumba inarudishwa. Hilo hata kuku wao wanalijua. Ndiyo maana hakuna aliyethubutu kusema nje ya ule mlango kwamba vidole vya Aluoch, mama yake, vimekataa kukunjika, na kwamba siku hizi anachanganya majani magumu na yale laini ili kikapu kijae.

Calvince anapiga video: harusi, matanga, sherehe za watoto wa nasari. Ni fundi wa kweli, hata kama kamera yake imeshikiliwa na gundi. Basi meneja, Madam Chepchumba, alipotaka video ya kuwaonyesha wanunuzi wa ng'ambo, alimwita yeye. Halafu, kwa kisirani kilichoje, akamchagua Aluoch awe ndiye wa kuchuna.

Jua lilikuwa limewaka. Calvince akafunga kioo cheusi mbele ya lenzi kupunguza mwanga, akaweka shata, ile kasi ya lenzi kufunguka na kufunga, kwenye hamsini, yaani sehemu moja ya hamsini ya sekunde. Kwa video ya kawaida hiyo ndiyo kasi inayofaa: mwendo unateleza jinsi jicho linavyouona, na mkono wenye haraka unaacha ukungu kidogo. Ukungu huo ndio aliokuwa akimwomba Mungu ufiche vidole vya mama.

Madam akachungulia. "Mbona mikono inakaa moshi? Hao watu wanataka kuona majani mawili na chipukizi."

"Madam, hivyo ndivyo inakaa poa. Nikipandisha shata, mikono itakuwa inaruka-ruka."

"Wacha iruke. Pandisha."

Calvince akamtazama mama. Alijua akizidi kubisha ataulizwa anaficha nini, na roho ilimuuma. Aluoch akaitikia kwa kichwa. Calvince akatoa kile kioo, akapandisha hadi elfu moja.

Mama akachuna polepole, akibana kila chipukizi kwa kidole gumba na kile kimoja kilichobaki kumtii, huku akitabasamu meno yote nje. Nyuma ya kamera machozi yalimlengalenga Calvince. Kila jani lilitoka safi, hata mishipa yake inaonekana.

"Ehe! Hiyo sasa ndiyo kazi!" Madam akapiga makofi. "Nimepata dawa ya hawa wananiletea majani magumu. Kuanzia Jumatatu utakuwa unapita shambani unarekodi mikono ya kila mtu, kwa karibu hivyo hivyo. Tunakuandika kazi. Utaanza na hawa wanaochuna upande wa mama yako."

Calvince akageuka kwa mama yake. Aluoch alikuwa ameshaingiza mikono chini ya aproni yake ya plastiki.

"Sema asante, Calvince," akamwambia.

Akasema asante.