Bakuli la Kenge

Juzi kenge alitokeza kwenye mfereji nyuma ya nyumba yetu, hapa mtaani Golf, akatoa ulimi mara mbili, akarudi zake. Nikamkumbuka mwingine wa utotoni mwangu, kule Kipushi, kwa nyanya yangu tuliyemwita Kambo.

Mchana ule uani kulinuka moshi wa makaa na sombe mbichi, majani ya muhogo aliyokuwa akiyatwanga Kambo. Kuku walipopiga kelele nikamwona kenge kando ya kiota chao, ulimi nje, ndani, nje. Nikajua ana kiu. Nikamletea maji kwenye bakuli langu la bati.

Kambo alikuwa ameshainua mchi. Mayai yake yalikuwa yakipotea wiki nzima.

"Kambo, iko na kiu," nilimwambia.

Alinitazama, akalitazama bakuli, akashusha mchi polepole. Kenge akatokomea majanini.

"Basi tumupelekee ku mutoni," alisema. "Kule njo kwabo."

Tukateremka pamoja hadi huko mtoni kwao kenge, yeye akiwa amebeba bakuli kwa mikono miwili ili lisimwagike.

Siku hizi najua kwamba kenge hunusa kwa ulimi, na kwamba yule alikuwa akinusa mayai. Lakini ilipita miaka mingi kabla sijajiuliza kwa nini tulipeleka maji mtoni.