Siku Mama Alipoingia Uwanjani

Harufu ya samli iliyochacha mpaka leo hunifanya nigeuze uso. Wacheza ngoma wa kwetu Bariadi walijipaka hiyo mwili mzima siku za mashindano, na jua likiwapata ilichuruzika pamoja na vumbi mpaka miguuni. Ilikuwa miaka ya hamsini, nami nina miaka tisa, pamba imeshavunwa na watu wana nafasi. Makundi mawili yalicheza uwanja mmoja kwa wakati uleule, kila moja upande wake, na mwamuzi alikuwa watazamaji wenyewe: kundi walilolikimbia ndilo lililoshindwa. Kwa hiyo kila kiongozi alitafuta kioja cha kuwavuta, kama kucheza na nyoka au fisi. Kiongozi wetu alikuwa Masunga, mdogo wake mama, tumbo moja. Namtaja kwa makusudi.

Masunga alikuwa ametoka Mwanza, na huko aliona mchezo wa kuigiza. "Wenzetu hawachezi na nyoka wala fisi," alituambia. "Wanamweka mbele yako mtu kama wewe tu, anaharibikiwa polepole, na wewe unalia mpaka unasahau njaa. Kicheko kinashika watu mpaka saa sita. Machozi yanawashika mpaka jua lizame." Kikulacho ki nguoni mwako: habari ya kuliza watu aliichukua nyumbani kwa dada yake.

Mwaka uliotangulia, mdogo wangu Limbu, aliyekuwa ameanza tu kutembea, alizama lamboni wanakonywea ng'ombe. Ukweli wake naujua mimi. Mama alikuwa shambani anachuma pamba, mtoto ameniachia. Masunga alikuwa amekaa karibu, anakaza ngozi ya ngoma, akanituma tumbaku kwa Kulwa, mpigaji wake. "Nenda Minza, mtoto namwona." Niliporudi alikuwa bado ameiinamia ngoma yake, na mtoto hayupo. Yeye ndiye aliyemfuata mama shambani kumpa habari. Jioni akaninong'oneza, "Ukisema nilikutuma, baba yako atakuua wewe kwanza." Nikanyamaza.

Basi akachonga mtoto wa mti, na Kulwa akavaa kaniki awe mama. Wenzake wakamtania: "Na ndevu hizo, Kulwa, mtoto atanyonya au atachomwa?" Siku walipojizoeza nilikuwepo. Kwanza Kulwa aliigiza mama akichuma pamba, Masunga akatikisa kichwa. "Hapana. Asipokuwa na kosa watu watasikitika tu, waende zao. Mpe kibuyu cha pombe. Watu wanapenda kulia huku wanalaumu." Nilimsikia kwa masikio haya. Pamba ikatoka, pombe ikaingia.

Siku yenyewe Kulwa aliyumba, akanywa, akaanguka akalala, na yule mtoto wa mti akasukumwa kwa fimbo mpaka ndani ya karai la maji. Wanawake walilia kweli. Upande wa pili ukaanza kubaki mtupu. Ndipo mama yangu, Kabula, ambaye hakuna aliyemwonya, akapenya katikati ya watu. Akamtoa mtoto wa mti majini, akamfuta uso kwa khanga yake, kisha akageuka. "Sikunywa! Nilikuwa shambani! Masunga, wewe ndiye uliyenifuata huko. Sema!"

Halafu mzee mmoja akapaza sauti: "Ehee! Huyu ndiye anayejua! Kulwa, kaa chini, umepata mwalimu!" Uwanja ukalipuka vigelegele. Kadiri mama alivyozidi kulia ndivyo walivyozidi kuja, mpaka wapinzani wetu nao wakaacha ngoma zao wakasogea kutazama. Masunga angeweza kusema neno moja tu. Alichukua ngoma, akawa anakifuatisha kile kilio. Tukashinda. Nami nilikuwa mbele kabisa, mdomo nimeufunga.

Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, lakini ndugu za baba waliamini kibuyu. Kabla ya mvua za kwanza walimrudisha mama kwao. Kwao ndiko kwa Masunga, mama akakataa kulala boma moja naye, akaenda Nassa, ziwani, kuanika dagaa wa watu. Alifia huko mwaka wa pili. Asubuhi ya kuondoka aliniuliza taratibu, "Minza, siku ile wewe ulikuwa wapi?" Nikasema sijui. Basi wakosaji ni hawa: Masunga aliyetia pombe, Kulwa aliyekubali kuinywa, na mimi.

Siku hizi vijana wanaigiza vizuri kuliko sisi. Wana jukwaa la mbao, hawashindani na mtu, na mchezo ukiisha kila mmoja anajipangusa vumbi akaenda kula. Mwaka jana nilikwenda shuleni kumtazama binti yangu akicheza mama aliyeunguza nyumba na watoto ndani. Mwalimu wao alitueleza kwanza kwamba zamani michezo ya majonzi ilihusu wafalme, sasa inatuhusu sisi watu wa kawaida, na anayeanguka huangushwa na kosa lake mwenyewe. Mwishoni akawauliza wazazi wana maoni gani. Mimi nimeishia darasa la pili, lakini nikasimama. "Mwalimu, hilo kosa ni lake, au mmempa ninyi? Huyo mama mwenyewe mlimwuliza?" Machozi yakanitoka mbele ya watu wote. Wakageuka, wakanitazama. Halafu wakanipigia makofi.